Mwanangu, Chora Kwanza

Mwanangu, sogeza hicho kiti ukae. Umerudi likizo na kitabu kinene cha mekanika ya vifaa, na naona umekifungua kwenye kurasa za mwisho, zile zenye majibu. Sikulaumu. Mwaka wa pili wa uhandisi ni mzito. Mkopo wa masomo wa HELB unachelewa, mwalimu anakimbia na silabasi, na mama yako ameuza ndengu za msimu mzima ili ulipe chumba. Una sababu ya kuwa na haraka. Lakini somo hili halishikiki kwa haraka, na kuna mambo ningependa uyasikie kwangu kabla hujayajulia kwenye mjengo.

Somo lenyewe si kubwa hivyo. Linauliza maswali mawili. Kitu hiki kikibebeshwa mzigo, kitavunjika? Na kama hakitavunjika, kitapinda kiasi gani? Chuma, mbao, jiwe, zege, hata mfupa wa mguu wako, vyote huulizwa hayo hayo. Fomula zote unazozihofia ni njia za kuyajibu. Ila kuna jambo linalotangulia kila fomula: kujua mzigo umeingilia wapi, unapita wapi, na unafikaje ardhini. Asiyejua njia ya mzigo hana cha kuhesabu. Nambari ataipata, lakini itakuwa nambari ya kitu kingine.

Ndiyo maana mwalimu anakusumbua uchore. Kata boriti kwa penseli. Tenga kipande kimoja. Weka mishale ya kila nguvu inayokigusa: ya mzigo, ya nguzo, na ile ya ndani ambayo kipande ulichokiondoa kilikuwa kinaitoa. Wanafunzi wengi huuona mchoro huo kama pambo la kutafutia alama mbili. Mimi niliuona hivyo, na nitakuambia kuudharau kulinigharimu nini.

Nilifaulu somo hili kwa kukariri karatasi za mitihani ya miaka iliyopita. Swali la boriti iliyoegemea ncha mbili likija, nilijua pa kuanzia. La boriti iliyoshikwa ncha moja likija, nilijua mistari ya kuandika. Alama zilikuwa nzuri na baba yangu alifurahi. Miaka michache baadaye nikawa nasimamia ujenzi wa jengo la maduka lenye orofa moja, mjini Wote. Lilikuwa na kibaraza kilichotokeza mbele bila nguzo. Jioni moja fundi wa vyuma aliniuliza: nondo kubwa zikae juu au chini ya slabu? Alikuwa amechoka, nami nilikuwa nimechoka. Nikamwambia chini.

Nilisema chini kwa mazoea. Boriti iliyoegemea ncha mbili hubonyea katikati. Upande wake wa juu hubanwa, wa chini huvutwa. Zege hustahimili sana kubanwa, lakini kuvutwa huvumilia sehemu kama moja ya kumi tu ya hiyo. Kwa hiyo tunaweka chuma palipo na mvuto, na katika boriti ya namna hiyo mvuto uko chini. Lakini kibaraza kinachoning'inia hakipindi hivyo. Chukua rula, ibane ukingoni mwa meza hii, halafu bonyeza ncha iliyo nje. Umeona mgongo wake unavyotanuka pale mezani? Mvuto uko juu. Nondo zilitakiwa juu.

Tulipotoa mbao zilizoshikilia zege, ufa ulitokea pale kibaraza kilipokutana na ukuta. Ulikuwa upande wa juu, umenyooka kama uliopigwa kwa uzi. Hakuna aliyeumia, na kila nikikumbuka namshukuru Mungu. Kibaraza kilivunjwa kwa nyundo. Mwenye jengo alichelewa kufungua biashara yake. Yule fundi hakunilaumu, na hilo liliniuma zaidi. Aliuliza kwa sababu alikuwa na shaka, nami sikujipa hata dakika ya kuchukua kalamu. Mchoro wa mistari mitatu na mishale miwili ungenijibu. Nilikuwa na cheti, nilikuwa na fomula kichwani, na sikujua kibaraza kinapinda kwenda wapi.

Usidhani nakutisha. Boriti ya namna hiyo, iliyotokeza ukutani, iliwahi kumshinda hata Galileo. Katika kitabu chake cha 1638 alieleza sawasawa kwamba ukiongeza kimo cha boriti mara mbili, nguvu yake inaongezeka mara nne. Lakini alidhani boriti yote inavutwa, kutoka juu hadi chini, ikijipindua kwenye ukingo wake wa chini kabisa. Hakuona kwamba sehemu yake ya chini inabanwa. Kwa hesabu yake boriti ilionekana na nguvu mara tatu kuliko iliyo nayo. Coulomb aliirekebisha katika karne ya 18, na Navier akaiandika mwaka 1826 kwa namna unayofundishwa leo. Karibu miaka 190 ilipita. Wewe ukichukua muhula mzima kuelewa upande upi unavutwa na upi unabanwa, hujachelewa.

Sasa sikiliza, mwana wakwa. Una bahati kuzaliwa Ukambani. Wenzako wanajifunza somo hili kwa picha za madaraja ya Ulaya. Wewe unaweza kwenda kwa miguu hadi kwenye mto wa karibu.

Watu hutoka nchi za mbali kuja Kitui na Makueni kuona mabwawa ya mchanga. Joshua Mukusya na wenzake wa kundi la Utooni walianza kazi hiyo mwaka 1978. Shirika la SASOL limejenga mamia huko Kitui tangu miaka ya 1990. Lakini waliobeba mawe ni vikundi vya mwethya, vya kusaidiana kazi, na wengi wao ni akina mama. Ukuta wa mawe na saruji hujengwa kukatiza mto wa msimu, ukishikana na mwamba chini. Mvua ikinyesha, mto huja na mchanga. Mchanga mzito hutua nyuma ya ukuta, matope mepesi hupita juu na kwenda zake. Misimu michache ikipita, nyuma ya ukuta pamejaa mchanga, na robo au zaidi ya ujazo huo inaweza kuwa maji. Jua haliyafikii. Kiangazi kikija, unachimba na unachota.

Ukuta kama huo ndio darasa lako. Chukua karatasi tuhesabu pamoja, pole pole.

Tuseme ukuta una kimo cha mita 3, na mafuriko ya kwanza yameujaza maji hadi ukingoni, mchanga haujatua. Shinikizo la maji huongezeka kadiri unavyoshuka. Juu ni sifuri. Chini kabisa ni kama kilonewtoni 29 kwa kila mita ya mraba. Kwa hiyo chora pembetatu, nyembamba juu na pana chini. Eneo la pembetatu hiyo ndilo msukumo wote: kilonewtoni 44 kwa kila mita moja ya urefu wa ukuta, yaani uzito wa tani nne na nusu. Msukumo huo hupitia theluthi moja kutoka chini, mita 1 juu ya msingi. Momenti inayotaka kuupindua ukuta ni 44 mara 1, kilonewtoni-mita 44. Kinachopambana nayo ni uzito wa mawe, basi.

Sasa tutafute unene. Ujenzi wa mawe una uzito wa kama kilonewtoni 23 kwa mita ya ujazo. Tuchukulie pande za ukuta zimenyooka wima, hata kama kuta nyingi za kweli hupanuka kuelekea chini.

Jaribu mita 1. Uzito ni kilonewtoni 69. Gawanya 44 kwa 69. Nguvu zote kwa jumla zinatua sentimita 64 kutoka katikati ya msingi. Lakini msingi wako unaishia sentimita 50. Ukuta unapinduka.

Jaribu mita 1.5. Sasa nguvu zinatua sentimita 43 kutoka katikati, na msingi unafika sentimita 75. Mwanafunzi mwenye haraka atapiga mstari chini ya jibu aende kula. Ngoja. Hesabu mkazo kwenye kingo mbili za msingi. Upande unaotazama maji unavutwa, karibu kilonewtoni 49 kwa mita ya mraba. Mawe yaliyoungwa kwa saruji hayatakiwi kutegemewa kwa kuvutwa. Ufa mwembamba unafunguka chini, maji yanaingia ndani yake, nayo yanausukuma ukuta juu. Uzito uliokuwa unautegemea unapungua. Msimu huo ukuta huenda ukabaki umesimama. Msimu unaofuata hujui.

Jaribu mita 2. Nguvu zinatua sentimita 32 kutoka katikati. Hapo zimo ndani ya theluthi ya kati ya msingi, ambayo mpaka wake ni sentimita 33. Msingi wote umebanwa. Hakuna mahali panapovutwa. Kwa msukumo wa maji peke yake, umefika.

Tazama kilichotokea, usikimbie. Kutoka mita 1 hadi mita 2, mawe yameongezeka mara mbili. Uwezo wa kustahimili momenti bila kuvutwa popote umeongezeka mara nne, kwa sababu uzito umeongezeka na upana umeongezeka pia. Upande mwingine, ukiongeza kimo cha ukuta mara mbili, momenti ya maji inaongezeka mara nane. Ndiyo maana mtu akikwambia tuongeze tu kimo kidogo juu ya ukuta wa zamani ili tupate maji zaidi, usikubali kabla hujachora. Watu wenye kiu watakusihi. Wahurumie, na uhesabu kwanza.

Na umetumia nini hapo? Nguvu kugawanywa kwa eneo, na momenti kugawanywa kwa moduli ya mkato. Fomula mbili za wiki za mwanzo. Hukuhitaji ukurasa wa majibu.

Mambo mengine nitayapitia haraka, kwa sababu ukishajua kuchora utayaona mwenyewe. Nenda Emali utazame reli. Chuma hurefuka sehemu 12 za milioni ya urefu wake kwa kila digrii ya joto. Reli ya mita 10 ikipata digrii 30 zaidi kati ya alfajiri na mchana, inataka kurefuka milimita 3.6. Reli za zamani ziliachiwa nafasi kwenye viungo, ndiyo ile sauti ya kugongagonga tuliyolala nayo tukisafiri kwenda Mombasa. Reli za siku hizi huchomelewa zikawa kitu kimoja, hazina pa kurefukia. Basi joto linageuka kuwa mkazo: kwa digrii hizo 30, kama megapaskali 72 za kubanwa. Na angalia, urefu wa reli haumo kwenye hesabu hiyo. Mita 10 au kilomita 10, mkazo ni ule ule. Kokoto na mataruma yapo kuizuia isijikunje kando. Nilipolielewa hilo mara ya kwanza nilirudia hesabu mara kadhaa, maana sikuamini.

Pale Thwake, mpakani mwa Makueni na Kitui, ujenzi wa bwawa kubwa ulizinduliwa 2018. Ni tuta la mawe lenye kimo cha zaidi ya mita 80, lililovikwa uso wa zege upande wa maji. Wanafunzi huniuliza kama maji ya kina hicho hayatalisaga zege. Hesabu: mita 80 za maji hubana kwa newtoni 0.8 kwa milimita ya mraba. Zege la kawaida la ujenzi hustahimili 25. Halisagiki. Kinachomhangaisha mhandisi ni tuta la mawe lililo nyuma yake. Likitulia na kushuka kidogo, zege linalazimika kupinda nalo, na zege halipendi kupinda. Kwa hiyo macho yote yako kwenye viungo na kingo. Jifunze kuuliza swali la namna hiyo. Nguvu kubwa kabisa si lazima ndiyo yenye hatari kabisa.

Kuna mahali pengine nataka tupaongelee kwa utulivu. Mwezi Mei 2015, watu wa Thange, huko Kibwezi, walikuta mafuta kwenye mto wao. Yalitoka kwenye bomba la zamani la kutoka Mombasa kwenda Nairobi, lililoanza kazi mwaka 1978. Visima viliharibika. Mashamba ya kandokando ya mto yaliharibika. Watu wakaingia kwenye kesi ya miaka mingi. Kwenye kitabu chako, sura ya mabomba yenye kuta nyembamba ni fupi na wanafunzi huipenda kwa sababu fomula ni rahisi: shinikizo mara kipenyo, gawanya kwa unene mara mbili. Ukiisoma tena, weka kidole kwenye ule unene. Chuma kinachokaa ardhini kinaliwa na kutu. Unene ukibaki nusu, mkazo unakuwa maradufu, na hakuna aliyeongeza shinikizo. Bomba halikubebeshwa mzigo mpya. Limepungua tu. Usiwe mhandisi wa kuhesabu siku ya uzinduzi peke yake. Hesabu pia kitakachobaki baada ya miaka 30.

Ninapokuambia haya nakumbuka pia Huruma, Nairobi, tarehe 29 Aprili 2016. Jengo la kuishi liliporomoka usiku wa mvua, na watu takriban 50 wakafa. Sitaki ulisome somo hili ukiwa na hofu. Nataka ujue kwamba nambari unazoziandika zitalala chini ya watu waliolala.

Sasa kuhusu namna ya kusoma. Siku ya maabara usiwaachie wenzako kazi ukabaki kunakili vipimo. Mashine ya kuvuta chuma ni mwalimu bora kuliko mimi. Tazama nondo ikirefuka kidogo kidogo, na ikiachiliwa inarudi. Kisha inafika mahali hairudi tena. Kisha inabana shingo, na inakatika kwa mshindo. Shika vile vipande viwili kwa uangalifu. Utasikia joto limebaki mle. Halafu tazama mchemraba wa zege wa sentimita 15 ukivunjwa. Wa daraja la 25 unahitaji kubebeshwa kama tani 57 kabla haujaachia, na ukiachia hauagi. Chuma hukuonya kwa kurefuka. Zege halikuonyi. Tofauti hiyo ndiyo sababu tunavifunga pamoja, tena kwa kipimo ambacho chuma kitatangulia kuchoka ili waliomo ndani wapate muda wa kutoka.

Chunga vipimo. Newtoni moja kwa milimita ya mraba ni megapaskali moja. Anza na newtoni na milimita, maliza na newtoni na milimita. Nimewahi kuchanganya newtoni na kilonewtoni katika ripoti nikiwa kijana, nikapata boriti nyembamba kama fito, na nikaisaini kwa sababu kikokotoo kilisema. Mzee mmoja ofisini aliirudisha mezani kwangu bila kuandika chochote juu yake. Alijua nikiitazama tu nitaona. Kwa hiyo kabla hujabonyeza kikokotoo, kisia jibu. Andika makisio yako pembeni. Yakipishana sana na hesabu, simama hapo hapo.

Ukitembea mjini Kitui, tazama nyufa za kuta. Nyingi huanzia pembe ya dirisha zikapanda kwa mshazari. Mzigo uliokuwa unashuka wima umelazimika kuzunguka tundu, ukajazana pembeni. Kabla hujalisoma hilo darasani, ukuta umeshalichora. Beba daftari dogo. Chora ufa, chora dirisha, weka mishale. Watu watadhani unapoteza muda.

Na usisome peke yako usiku kucha ukirukaruka kutoka swali hadi swali. Swali moja ulilokaa nalo jioni nzima, ukalichora vibaya, ukalifuta, ukalichora tena, lina faida kuliko maswali 20 uliyoyanakili kutoka kwenye simu. Najua hujisikii hivyo saa hizi. Unawaona wenzako wamefika sura ya 8 na wewe uko ya 3. Waache wafike. Mfafanulie mmoja wao kwa Kiswahili au kwa Kikamba, bila alama hata moja ya Kigiriki, kwa nini nondo za kibaraza hukaa juu. Ukikwama katikati, rudi uchore.

Ukuta wetu wa mita 3 bado haujaisha. Tulihesabu maji peke yake. Mchanga ukijaa nyuma yake, nao unasukuma, juu ya msukumo wa maji. Chukua uzito wa mchanga ulio ndani ya maji kuwa kilonewtoni 10 kwa mita ya ujazo, na theluthi moja ya uzito huo ndiyo inayosukuma kando. Chora pembetatu ya pili kando ya ile ya kwanza. Tafuta kama mita 2 bado zinatosha, na kama hazitoshi, unahitaji ngapi. Fanya leo usiku, kwa penseli, kurasa za majibu zikiwa zimefungwa. Kesho asubuhi niletee karatasi yenyewe, hata kama imejaa mistari iliyofutwa.